Hasidi wa Selwe

Siku ya 1 ya ukungu

Leo asubuhi Bibi Ilvane, mkuu wa baraza la Ulmar, alinisimamisha mbele ya mji mzima akanitia daftari hili mikononi. "Harda," akasema, "hakuna asiyejua kijicho ulichonacho kwa wifi yako. Utamwandika wewe." Watu wakacheka. Wengine wakapiga vigelegele kana kwamba naolewa upya.

Sheria inataka hasidi aanze kwa kuiandika sheria yenyewe, basi hii hapa. Walii hathibitishwi na wanaompenda, maana wanaompenda hutia chumvi. Mambo yake ya msimu mmoja huandikwa na yule anayemhusudu kuliko wote. Hasidi hafuti neno. Ukungu ukiondoka, anasoma kitabu chote barazani, kisha anatia mkono kwenye maji ya ziwa na kuulizwa swali moja: bado unamhusudu? Akijibu ndiyo, kitabu kinakubaliwa na walii ni walii. Akijibu hapana, ina maana aliandika kwa mapenzi. Kitabu kinachomwa, na aliyeandikwa anafungwa kamba mlangoni kwake kila msimu wa ukungu mpaka afe.

Mimi ni Harda, msokota kamba, mjane. Ninayemwandika ni Selwe, dada wa marehemu mume wangu Tovin. Ukungu ukishuka, kila mtu wa Ulmar anayetoka nje hufunga kamba kiunoni, na ncha ya pili hubaki kwenye pete ya mlango wake. Selwe hafungi. Anaingia ukunguni mikono mitupu na kuwatoa waliopotea. Mpaka sasa amewatoa kumi na saba. Mume wangu hayumo kati ya hao kumi na saba.

Yatosha kwa leo. Roho inaniuma hata wino haujakauka.

Siku ya 2

Ukungu umepanda kutoka ziwani mpaka kwenye zizi. Nimesokota kamba tangu alfajiri. Walii aliamka adhuhuri.

Siku ya 5

Selwe alikuja kwangu, amejifunga kamba ya mtu wa jirani kwa heshima tu, kwa sababu anajua nitamsema.

"Hodi, wifi hasidi!"

"Karibu, wifi walii. Futa miguu."

Akakaa kwenye kigoda cha Tovin. Hakuna anayekaa pale. Yeye hukaa.

"Umeniandikaje?" akauliza.

"Kwamba unalala mpaka adhuhuri."

"Andika na kukoroma basi, kitabu kinenepe."

"Usinifundishe kazi."

"Nani akufundishe wewe? Ulizaliwa umeshafundishwa," akasema, akachukua mkate wa mizizi uliokuwa wangu wa jioni, akaula wote. Anapotafuna hutazama mlango. Tovin naye alikuwa hivyo hivyo, na hilo nalo linaniudhi, kwamba uso wa mume wangu umebaki kwa mtu mwingine na mimi sina haki nao.

Siku ya 9

Mama Teguri, mjane wa upande wa juu, alipotea leo akienda kukamua. Mbuzi wake alitafuna kamba ikakatika. Mbuzi, nasisitiza. Lakini mitaani wanasema, "Kamba ya Harda imekatika," kama vile ilijikatia yenyewe kwa uzembe.

Walimwita Selwe. Akaja anapiga miayo, akavua viatu, akaingia ukunguni. Tulisubiri muda wa kuchemsha chungu cha maharage. Akatoka amemshika Mama Teguri mkono. Bibi wa watu alikuwa anatukana matusi ambayo sikujua kwamba anayajua.

Mji ukapagawa. Wakambeba Selwe. Mama Teguri akampa jibini zima, lile jibini lake lililokaa miaka mitatu juu ya dari, ambalo mimi nimeliomba kila sikukuu hata kipande tu, na kila sikukuu nimeambiwa bado halijaiva. Kwa Selwe limeiva ghafla.

Siku ya 10

Hakuna jambo.

Siku ya 11

Hakuna jambo. Jibini liko dirishani kwa Selwe, kila apitaye alione.

Siku ya 16

Nimekutana na Gusko kisimani. "Habari za asubuhi, mke wa Tovin!" akaniambia, pombe ya asali ikinuka hadi kwangu. Hakuna siku mtu huyu asiponisalimia, na hakuna siku nisipotamani asingekuwepo.

Wa barazani mnaijua habari hii, lakini sheria inataka kila kitu. Miaka minne iliyopita, Tovin alitoka kwenda kutazama mizinga ya nyuki. Mwimo wa mlango wetu ulikuwa umeoza, nilikuwa nimemwambia aurekebishe tangu mavuno. Pete ikang'oka pamoja na kipande cha mbao. Kamba ilikuwa nzima. Tuliiokota nzima, na pete mwishoni, lakini kiuno hakimo, kwa kuwa alikuwa amejivua kamba ili kumfungia mbuzi aliyemkuta njiani. Mbuzi alipona. Selwe aliposikia akaingia ukunguni bila kamba, mtu wa kwanza kufanya hivyo tangu enzi za bibi zetu, akakaa siku tatu mchana na usiku. Mji mzima ulisimama ukingoni ukisubiri. Siku ya tatu akatoka na mtu mkononi. Nilikimbia. Alikuwa Gusko mlevi. Hakuna hata aliyejua kwamba Gusko amepotea.

Watu wakapiga magoti, wakamwita walii. Mimi nikarudi nyumbani.

Nimeuliza kwa miaka minne, sasa nauliza kwa maandishi: mtu anaingia kumtafuta kaka yake wa tumbo moja, anatoka na Gusko. Huo ni uwezo gani?

Siku ya 23

Nimeamua kumvizia. Kama kuna hila, hasidi ndiye wa kuiona. Nilidhani labda ana uzi mwembamba, mweusi, mrefu. Alipoitwa leo kwenda kumtafuta mchonga vijiko, nilimshika mkono kama vile namuaga na kumpapasa mikono yote miwili na kiuno.

"Wifi, unanitekenya," akasema.

Hana uzi. Alichofanya ni kusimama ukingoni, kichwa upande, amekunja uso, kama mtu anayesikiliza majirani wakigombana nyuma ya ukuta. Kisha akaenda moja kwa moja. Lakini ndani ya ukungu hakuna sauti. Hata kengele ukiigonga haisikiki hatua tatu. Anasikiliza nini?

Siku ya 24

Mchonga vijiko yu hai. Selwe amepewa vijiko kumi na viwili. Ana mdomo mmoja.

Siku ya 30

Vijana wawili nimewakuta wakitoka bila kamba. Nikawauliza mna wazimu? "Selwe si yupo?" wakanijibu. Nimeuza kamba moja wiki nzima, na hiyo ni ya kuanikia nguo.

Nikaenda kwa Selwe nikapiga kelele mpaka koo likakauka. Nilitaka tugombane. Badala yake akatoka, akawafuata wale vijana, akawazaba makofi mbele ya mama zao na kuwaambia, "Siku nikikosa kuwasikia, nitawaacha huko!" Akarudi, akatapika nyuma ya nyumba. Sikujua la kufanya nikamshikia nywele. Naandika kwa sababu hakuna kufuta.

Siku ya 33

Nimegundua hutapika kila mara kabla ya kuingia. Hapo nyuma ya nyumba, kimyakimya, kisha anafuta mdomo na kutoka akipiga miayo ya uongo. Nilidhani ni maringo.

Siku ya 40

Sijaandika siku mbili kwa sababu vidole vilikuwa havishiki kalamu.

Juzi asubuhi wanawake walipita dirishani kwangu wakiimba wimbo mpya wa Selwe. Ni wimbo mzuri, na hilo ndilo lililonichoma. Jirani yangu Mama Pello akachungulia mlangoni. "Njoo nawe uimbe, jirani! Au kijicho kimekukaba koo?"

"Nina kazi."

"Ndiyo, kila mtu na kazi yake. Wewe wasokota nyuzi, mwenzio anaokoa roho."

Akaenda zake anacheka. Nikabaki na gurudumu langu. Nikawaza, kwani yeye ana nini? Ana miguu miwili. Mimi ninayo. Alimpenda Tovin. Na mimi je? Kama ukungu unamfungulia mtu kwa sababu ya uchungu, basi mimi nilistahili kufunguliwa kabla yake. Nikatoka. Nikafika mwisho wa kamba, pale inapokaza, nikafungua fundo langu mwenyewe, fundo ambalo halijawahi kumfungukia mtu kwa bahati mbaya. Nikaiacha kamba ianguke nikaenda mbele.

Mia ya kwanza nilihesabu hatua vizuri. Mia ya pili nilihesabu mara mbili. Baadaye sikujua ni hatua ngapi wala kwa nini nazihesabu. Hakuna baridi kali kama wanavyosema. Ni upole. Kila kitu kinakutoka kwa upole. Kwanza likanitoka jina la mji. Kisha nikasahau nilikuwa naenda wapi, kisha nikasahau kwamba kuna kwenda. Nikaketi. Nikaona ni mahali pazuri pa kuketi.

Kitu kimoja hakikunitoka. Jibini. Naapa. Jina la mama yangu lilikuwa limeshaniponyoka, lakini jibini la Mama Teguri lilikuwa pale pale dirishani kwa Selwe, na mimi nalisemea moyoni: miaka mitatu naliomba, miaka mitatu naambiwa bado, akapewa huyu asiyependa hata jibini.

Mkono ukanishika bega.

"Wifi, acha kelele."

"Sijasema neno," nikamwambia.

"Umepiga kelele tangu ulipotoka mlangoni. Sijawahi kumpata mtu upesi namna hii. Simama."

Akanivuta. Nilimfuata nimeshika upindo wa nguo yake, na kila hatua jina moja likinirudia: Ulmar, Pello, Ilvane. Nilipopata akili nikamuuliza. Nilikuwa na haki ya kuuliza, mimi ni hasidi wa kitabu.

"Unasikia nini humu, Selwe?"

Akaendelea kunivuta. Kisha akasema, "Kinyongo."

"Nini?"

"Ukungu unamtoa mtu kila kitu, wifi. Mapenzi yanatoka mapema, utashangaa. Njaa inatoka. Woga unatoka. Cha mwisho kubaki ni kinyongo. Nacho kina sauti. Mama Teguri ana ugomvi na dada yake wa shamba tangu wakiwa wasichana, nilimsikia kutoka ukingoni. Mchonga vijiko hajamsamehe baba yake. Nakifuata kinyongo mpaka nafika kwa mwenyewe."

"Na Gusko?"

"Gusko anauchukia ulimwengu mzima. Gusko ni ngoma."

Nikacheka. Ndani ya ukungu, nimetoka kufa sasa hivi, nikacheka. Halafu kicheko kikanikwama, kwa sababu nilishaona inakoelekea, na yeye alijua nimeona. Akasimama. Hakugeuka.

"Siku tatu, wifi. Nilitembea mpaka nyayo zikatoka damu. Kila nilipogeuka namsikia Gusko, Gusko, Gusko. Nikaenda upande asikokuwa Gusko. Kimya. Nikakaa kimya nami, labda sauti yake ni ndogo. Kaka yangu hakuwa na kinyongo na mtu."

"Hata na mimi?"

"Hata na wewe. Na ulikuwa unampa sababu."

Ni kweli. Asubuhi ile nilimwita mzembe kwa ajili ya ule mwimo, na mengine, na akatoka anacheka.

"Kwa nini hukuniambia miaka yote minne?"

"Ningesemaje? Kwamba mumeo alikufa kwa kuwa mwema? Ungeniuma."

"Ningekuuma," nikakubali.

"Na tena," akasema, sauti imebadilika, "uliponichukia nilishukuru. Nilijua wewe hutapotea kamwe. Popote ukienda ningekusikia."

Tukafika mlangoni. Mama Pello alikuwa pale analia na kujipiga kifua. Nikampita nikaingia ndani. Nililala siku nzima.

Siku ya 42

Nimempelekea Selwe mchuzi wa samaki wa matope. Nimerudi nyumbani ndipo nikajishtukia.

Siku ya 44

Nimepeleka tena. Mama Pello ameniuliza, "Mbona siku hizi wifi yako humsemi?" Nimemwambia namsema kimoyomoyo. Nilipofunga mlango nikaanza kujitafuta. Nimefikiria jibini. Hakuna kitu. Nimefikiria wimbo, vijiko, vigelegele. Ni kama kubonyeza jino lililokuwa linauma na kukuta limepona. Hofu imenishika. Nikisema hapana barazani, watamfunga Selwe kamba, na itakuwa kamba yangu, maana hakuna msokotaji mwingine. Na atakayepotea mwakani atakaa chini na kusahau.

Nikisema ndiyo ya uongo, mkono ndani ya maji, mnajua wenyewe. Bibi yake Pello alidanganya na mkono majini, na tangu siku ile ulimi wake haujageuka.

Siku ya 47

Selwe amekuja. Hakukaa kwenye kigoda.

"Wifi, sikusikii," akasema.

"Nipo hapa, nakusikia mimi."

"Nasema sikusikii. Nilikuwa nakusikia kutoka nyumbani kwangu kila asubuhi, hata kabla ya jogoo. Siku tano sasa kimya." Macho yalikuwa mekundu. "Usinipende, Harda. Nakuomba."

"Kwani nakupenda?"

"Umeniletea mchuzi mara nne!"

"Basi nitukane."

Akajaribu. Akaniita mchoyo, mwenye mdomo, akasema Tovin alistahili mke mwenye makalio. Tukacheka mpaka tukashikana mikono. Mambo yameharibika kabisa.

Siku ya 53

Mvua nyembamba. Ukungu umekuwa mwepesi, naona mti wa jirani.

Siku ya 54

Naona mti na jirani mwenyewe.

Siku ya 58

Ziwa limeonekana. Bibi Ilvane ametuma mtu: kesho kutwa.

Siku ya 60

Nimesoma barazani leo, kuanzia neno la kwanza. Naandika jibu kwa mkono wangu hapa mwishoni, kama sheria inavyotaka, na mkono bado una maji.

Walicheka kwenye jibini. Mama Teguri alijificha nyuma ya mtandio. Nilipofika kwenye kinyongo pakawa na mnong'ono mkubwa, na Gusko akasimama akainama kama mfalme. Mmoja akapaza sauti, "Basi tukigombana kabla ya kutoka tutapona!" Bibi Ilvane akamwambia kwamba yeye hahitaji mazoezi. Nilipofika siku ya 38, ile niliyoiandika siku ya 40, watu wakaacha kucheka. Nilipofika kwenye mchuzi, nyuso zikaanza kuharibika. Kila mtu aliona. Nilisoma siku ya 47 kwa sauti ndogo, Mama Pello akasema, "Ole wetu."

Selwe alikuwa amekaa mbele peke yake, miguu mitupu, anatazama vidole vyake. Pembeni yake kamba imeshawekwa tayari. Niliisokota mimi mwaka jana.

Bibi Ilvane akaleta beseni. Nikatia mkono.

"Harda, hasidi wa Selwe. Umeandika na hukufuta. Bado unamhusudu?"

Nilirudi kwenye kila kitu kimoja kimoja, nyimbo na zawadi na kubebwa juu. Palikuwa patupu. Mdomo wangu ulikuwa unajiandaa kusema hapana, na nilimwona Selwe akifumba macho.

Ndipo jambo moja lilipokuja, kutoka mahali ambapo sijawahi kuandika wala kumwambia mtu. Nalisema hapa kama nilivyolisema pale.

Siku ile Tovin alipopotea, mimi nami nilitoka kumtafuta. Nilitoka kabla ya Selwe. Nilifunga kamba yangu ya hatua mia mbili nikaenda mpaka ikakaza. Nikasimama pale nikaita jina lake, nikijua humo hakuna sauti inayokwenda. Kisha nikageuka, nikarudi nyumbani, nikachochea moto. Ukutani kwangu zilikuwa zimening'inia kamba ishirini na mbili za kuuza. Ningeweza kuziunga zote. Nilizitazama jioni nzima na sikuunga hata moja, kwa sababu niliogopa. Baadaye nikamwona Selwe anapita dirishani bila kitu kiunoni.

"Ninamhusudu," nikasema. "Si kwa ajili ya uwezo wake. Siku ile hakuwa na uwezo wowote, alikuwa hajui kwamba atasikia chochote. Alikwenda tu. Zile siku tatu zilikuwa zangu mimi, mkewe, na amezitembea yeye. Ninamhusudu leo kuliko siku mliyonipa daftari, na sidhani itaniisha."

Maji yalikuwa baridi. Ulimi wangu ulikuwa unageuka vizuri.

Selwe alinyanyua kichwa. Alinitazama kwa muda, kichwa upande, uso umekunjwa, kisha akaanza kulia mbele ya watu wote, mtu ambaye hatujawahi kumwona akilia, akisema, "Nakusikia, wifi, nakusikia."

Bibi Ilvane aliniambia niutoe mkono, kitabu kimekubaliwa.